Neno Ulilomwita Enock

Ihanja, Ikungi,
Singida.
Jumapili, baada ya ibada

Mdogo wangu mpendwa Dorika,

Najua kwamba hata ukiwa umenikasirikia, ukinikuta mlangoni utaanza na shikamoo, maana ndivyo mama alivyotulea. Basi naiitikia kabla hujaitoa: marahaba, mdogo wangu, marahaba sana. Natumaini barua hii inakukuta mzima, kifua kimepoa, na moshi wa kuni mbichi haukusumbui tena kama ulivyolalamika kwenye simu. Sisi huku wazima, kwa uzima wa watu waliotoka makaburini juzi. Miguu yangu inagoma asubuhi na kukubali jua likishapanda, na wifi yako Martha anasema natembea kama kuku aliyefungwa kamba. Anakusalimu. Anasema kikapu ulichomsukia bado anabebea mayai, wala halijavunjika hata moja.

Mvua zilikuja, zikaondoka, kisha zikarudi kama mtu aliyesahau kofia. Mtama wa bondeni umebeba vizuri, ila ndege wameushukia na watoto wanashinda shambani wakipiga madebe. Alizeti ya ndugu yetu Enock ilikomaa yeye akiwa kitandani. Tuliivuna majirani na mimi, na kila jioni aliuliza tumefikia mstari gani, kana kwamba kesho yake angetoka kuja kutusahihisha.

Barua hii inaletwa na Mzee Simeoni, ambaye anafuata asali huko kwenu Mitundu, upande wa Itigi. Amebeba pia kifurushi kidogo ndani ya mfuko wa unga wa ulezi. Nakuomba usikifungue mpaka umalize kusoma. Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu simu unaweza kuikata. Barua nayo unaweza kuichana, lakini ninavyokujua utaisoma kwanza.

Siku ile nilipokupigia kukuambia kwamba Enock ametutoka, ulisema huwezi kuja kumlilia mtu wa hiana. Halafu ukaniuliza jambo ambalo limekaa nami tangu hapo. Ulisema, kaka, wewe umefundisha Kiswahili maisha yako yote, basi niambie kama neno hilo lilikuwa kubwa kuliko kosa lake. Nilikujibu kwamba nitakueleza. Leo nakueleza, na univumilie, maana unajua siwezi kueleza jambo bila kuanzia mbali.

Hiana si neno lililozaliwa kwetu. Asili yake ni Kiarabu, na lilitufikia huku bara kama mengi mengine, kwa midomo ya wafanyabiashara wa misafara, walimu wa dini na mahakama za wakubwa. Lina ndugu yake mkali, haini, aliyezaa uhaini, neno la kumtaja mtu aliyeigeuka nchi yake. Huko lilikotoka linasimama uso kwa uso na neno amana. Na amana ana ukoo mwema kabisa: amini ni ndugu yake, imani ni ndugu yake, hata amani tunayoiombea kila Jumapili ni mtoto wa nyumba hiyo hiyo. Darasani nilikuwa nawauliza wanafunzi: je, mwizi aliyevunja dirisha la mtu asiyemjua amefanya hiana? Walikuwa wakipiga kelele kwamba ndiyo. Nikawaambia hapana. Huyo ni mwizi tu. Ili pawe na hiana, sharti kwanza pawe na mtu aliyekupa kitu mkononi na kukupa mgongo bila wasiwasi. Adui hawezi kukufanyia hiana, hata akitaka. Ni mtu wako tu ndiye awezaye.

Mama hakulijua neno hilo. Yeye katika lugha ya nyumbani alikuwa na namna yake ya kusema: amekula alichoshikishwa. Unakumbuka alivyolitamka, akikunja mdomo kana kwamba anaonja dawa? Kwake hapakuwa na tusi la kulizidi hilo.

Ndiyo maana aliposema Enock ndiye atakayekushikia ng'ombe wako, alikuwa hamgawii kazi, alikuwa anampa heshima. Mahari yako ilipokuja, sisi wanaume tulianza kugawana kwa macho kabla vumbi halijatulia. Mama akaingia zizini mwenyewe, akashika mtamba mmoja mweusi, akasema huyu haliwi na mtu. Huyu atakaa kwa Enock, maziwa na samadi ni vya Enock, lakini yeye na uzao wake ni wa Dorika, ili siku ndoa ikimwuma mwanangu awe na mlango wa kurudia. Mimi nilicheka. Nilikuwa nimetoka chuo cha ualimu na nilijiona naelewa mambo. Enock hakucheka. Alikwenda kukata miiba ya kuongezea zizi.

Na alikushikia kweli. Wewe mwenyewe ni shahidi. Kila ng'ombe wako alipokufa, Enock alikuletea ngozi, kama inavyompasa mtu aliyeshikishwa mfugo wa mwenzake, ili mwenye mali aone kwa macho kwamba mnyama amekufa na hakuuzwa. Unakumbuka ngozi ya mwaka ule wa ukame, alivyoipandisha kwenye basi kabla haijakauka sawasawa, abiria wakataka ashushwe yeye na ngozi yake? Ulinisimulia mwenyewe, ukicheka mpaka machozi, kwamba kondakta alimwambia, mzee, hii maiti nayo ina tiketi? Enock akamjibu kwamba hii si maiti, huyu ni mahari ya dada yake, anarudi alikotoka. Ukame ulimaliza ng'ombe, akabaki Chausiku peke yake, mjukuu wa yule mtamba wa mama, mweusi kama yeye, na kengele ya mama shingoni.

Sasa nifike siku ambayo hatupendi kuitaja. Tulikusanyika kujengea kaburi la mama. Wewe ulikuja na mwanao Calist, kijana mrefu kuliko sisi sote, umemshonea shati jeupe. Tulipomaliza kula ukasema unataka kumwona Chausiku, maana umesikia ana mimba. Enock akakutazama kama mtu aliyeulizwa jina lake mwenyewe. Nilikuwa nimekaa karibu naye. Nilimwona akifungua kinywa. Wewe ulidhani anatafuta uongo, na mimi, Mungu anisamehe, nilidhani vivyo hivyo. Kisha macho yake yakahama kutoka kwako, yakaenda pembeni yako, yakakaa hapo kidogo. Akafunga kinywa. Alipokifungua tena alisema Chausiku hayupo, amempoteza.

Ukamwuliza ngozi iko wapi. Akasema hakuna ngozi. Ukainua macho ukayatazama mabati mapya ya nyumba yake yaliyokuwa yanameremeta, ukamwuliza kama ngozi ndiyo ile iliyoko juu ya paa. Watu wengine walicheka. Na hapo ndipo ulipolisema neno lile, mbele ya wazee, mbele ya watoto wake na mbele ya kaburi ambalo saruji yake haikuwa imekauka. Ulisema, Enock, mama alikushikisha mlango wangu ukaula, wewe ni mtu wa hiana. Ukamshika Calist mkono mkaondoka, na tangu siku ile hujaikanyaga Ihanja.

Sikulaumu. Kwa uliyoyaona, neno lilikuwa mahali pake. Mimi mwalimu mwenyewe nisingepata lililo sahihi zaidi.

Lakini hujui neno lile lilifanya nini baada ya wewe kuondoka, maana hakuna aliyethubutu kukusimulia. Lilibaki hapa likawa jina. Hakuna tena aliyempa Enock mfugo wa kumshikia, yeye ambaye zizi lake lilikuwa limejaa ng'ombe wa watu. Mmoja mmoja walikuja kuwachukua, wakisema mtoto anaoa, wakisema malisho yamehama. Aliwatoa wote na kuwasindikiza wenye ng'ombe mpaka njiani. Alipokwenda kwenye pombe ya jirani alikuwa akijitangaza mlangoni, ficheni vibuyu, Hiana amefika, na watu wakacheka kwa kuwa amewarahisishia. Mwanawe Peniel alipokwenda mnadani na kamba begani, vijana walimwuliza kama kamba hiyo ni ya baba yake au ya shangazi yake. Alipigana nao, akarudi na jino pungufu. Enock alimwosha mdomo kwa maji ya chumvi, akamwambia kwamba jina halitoki kwa ngumi.

Mabati yale, Dorika, yalitokana na alizeti. Ulikuwa mwaka mzuri wa alizeti. Hata mimi nilipaua choo.

Sasa nikueleze jambo linalonifanya niandike leo na si mwezi ujao. Peniel ana mtamba mmoja zizini. Ni huyo tu, hana mwingine, na Theresia, mjane wa Enock, anamtegemea kwa maziwa na samadi ya shamba lake. Siku ya kuanua matanga, watu watakapoulizwa kama kuna mtu mwenye dai kwa marehemu, Peniel anataka kusimama na kumtoa mtamba huyo mbele ya wote kuwa wako, ili jina la baba yake lisafike. Usipokuja, atakuletea huko Mitundu kwa lori. Amekwisha kwenda Ikungi kuulizia kibali cha kusafirisha mifugo. Nilijaribu kumzuia. Akanijibu kwa adabu, lakini akinitazama machoni, baba mkubwa, wewe hukuwahi kuitwa mtoto wa Hiana. Jibu nilikuwa nalo, ila nilikuwa nimekatazwa kulisema.

Dorika, kaa chini sasa kama umesimama.

Enock alipoona hali imekuwa nzito aliniita, akamwomba Theresia atoke, Theresia akakataa kutoka. Enock akamwambia basi kaa, wewe ulikuwepo. Kisha akanisimulia, akipumzika kila baada ya maneno machache.

Wiki chache kabla hatujajengea kaburi, Calist alifika nyumbani kwake. Alileta salamu zako zote kwa mpangilio, na sukari, akasema mama yake amemtuma amchukue Chausiku ampeleke Mitundu, kwa kuwa anataka ndama azaliwe machoni pake. Alisema lori linamsubiri Ikungi. Enock akamtolea ng'ombe. Hakukupigia simu kukuuliza. Theresia alimwuliza kwa nini, naye akamjibu kwamba mpwa akija kwa mjomba wake haombwi ushahidi, na kumwuliza dada yake kama mtoto amefikisha ni kumwita mtoto mwizi. Wewe na mimi tungefanya vivyo hivyo. Katika ukoo wetu mpwa akila chungu cha mjomba husifiwa kwa hamu yake ya chakula.

Jambo moja tu lilimgusa. Walipofika kwenye njia, Calist alimfungua Chausiku kengele shingoni, akamrudishia mjomba wake, akisema kwenye lori itapiga kelele. Theresia alisema, mbona anamfungua kengele kama mtu anayepita usiku? Enock akamwambia anyamaze.

Calist hakuwa na lori. Huko Itigi alikokuwa akiendesha pikipiki ya watu, alimgonga mtoto wa kike, akamvunja paja. Wazazi wa mtoto walimwambia amtibu au waende polisi. Akamwuza Chausiku, mtoto akatibiwa, akapona, na leo anatembea. Hakuweza kukuambia. Nadhani unajua kwa nini. Ulikuwa umemzika mumeo, ulikuwa na yeye tu, na kila mtu aliyekuja kwako ulimwambia kwamba Mungu alikunyima vingi akakupa Calist.

Kwa hiyo siku ile ya kaburi, Enock alipofungua kinywa, alikuwa anataka kusema, lakini si ulimtuma mtoto? Ndipo akamtazama Calist pembeni yako, akaona kijana amekazia macho viatu vyake na shati jeupe limelowa jasho mgongoni. Akaelewa yote kwa mara moja. Akaona kwamba akisema, utabaki na ng'ombe mmoja wa kudai na mtoto mmoja wa kuaibika, mbele ya ukoo mzima. Akachagua, Dorika. Ulikuwa unamwuliza ngozi iko wapi, naye alikuwa anakuachia mwanao.

Calist alirudi kwake masika yaliyofuata. Alifika bila kuitwa, akashika jembe, akapalilia shamba la mjomba wake kwa siku nyingi, wala hakula ndani, alikula uani na watoto. Siku ya kuondoka alipiga magoti, akalia, akasema atakuambia mwenyewe Krismasi, apewe muda hadi hapo. Enock alimpa. Akamwambia, hilo jambo ni lako na mama yako, mimi nitalishika tu. Unajua kilichotokea. Malaria ilimpanda kichwani kabla ya Krismasi, na mwezi wa kumi na mmoja tulikuwa Mitundu tunamzika. Enock alikuja. Ulikataa asishike hata koleo. Alisimama nyuma ya watu, karibu na mizinga, nyuki wakamwuma usoni, hakuondoka. Mimi nilidhani ni aibu inayomweka mbali. Kumbe alikuwa ameachiwa neno ambalo sasa hakukuwa na mtu wa kulisema ila yeye, na yeye alikuwa ameahidi.

Nilimwuliza kwa nini hakusema hata baadaye, miaka yote hiyo. Akaniambia kwamba mtu aliyefiwa na mtoto amebakiwa na jina la mtoto tu, na watu wote wanakuita Mama Calist. Akauliza, je, nikasafishe jina langu kwa kulichafua hilo? Kisha akacheka kidogo, kama alivyokuwa akicheka, akasema, mwalimu, mimi mabega yangu yamezoea, la kwangu ni jina la kilabuni tu. Akanishika mkono akaniambia, nakushikisha hili. Usimwambie. Nikasema sitamwambia. Theresia alilia, lakini naye akakubali. Siku ya pili yake Enock alifariki, mapema, majogoo wakiwika.

Nimekaa na ahadi hiyo kama mtu aliyeweka kaa la moto mfukoni. Nikinyamaza, Peniel atakuletea mtamba wa mama yake, nawe utampokea kwa haki uliyodhani ni yako, na mjane atabaki na zizi tupu kwa deni ambalo mumewe hakuwa nalo. Nikisema, namnyang'anya ndugu yangu kitu pekee alichoniachia, nakunyang'anya na wewe mwanao mara ya pili. Nimepima kwa kila mizani ninayoijua. Nimesema. Ndugu yangu alinipa kitu mkononi, akanipa mgongo, akaenda kulala akiwa na amani. Nami nimekila.

Kwa hiyo jibu la swali lako ni hili. Neno hukulikosea, maana yake ni ile ile uliyoijua. Ila Enock halikuwa lake hata siku moja. Mwondolee. Wala usimpe Calist, alikuwa mtoto, aliogopa, na alikuwa njiani kuja kukuambia. Kama lazima neno liwe na mtu wa kulibeba, nipe mimi. Mwenye kulistahili ni mimi ninayeiandika barua hii.

Njoo kwenye kuanua matanga. Sitataja jina la Calist, na Theresia hatalitaja, na baada yetu hakuna anayejua. Peniel atakapokukabidhi kamba, huna haja ya kueleza chochote. Mrudishie kamba mkononi, useme mbele yao wote kwamba ng'ombe wako alikufikia. Hilo tu. Halitakuwa uongo, maana alichukuliwa na mkono uliouzaa. Watu watashangaa, watakuuliza mbona hukusema siku zote, nawe utakuwa mkali kama kawaida yako, nao watanyamaza. Na Peniel atakwenda mnadani na kamba yake kama mtu mwingine yeyote.

Sasa fungua kifurushi. Ni kengele ya mama. Enock aliificha juu ya dari tangu siku ile, akaifunga ulimi kwa kitambaa ili isilie panya wakipita. Sikukifungua kitambaa. Nimeona hilo ni lako.

Theresia anakusalimu, wifi yako, anasema kitanda chako kimetandikwa chumba cha mbele. Peniel anakupa shikamoo, shangazi yake, naye hajui nilichokuandikia. Mungu akushike kwa mkono wake katika usiku huu wa kwanza, ambao najua utakuwa mrefu. Nitakuwa kituoni kila basi la kutoka huko litakaposimama, na kama hukushuka nitaelewa, nitarudi nyumbani polepole na miguu yangu hii.

Ni mimi kaka yako,
Alphonce